Maswali Yenu: Mto Zigi, kutoka Amani hadi baharini

Barua nyingi za mwezi huu zimeelekea upande mmoja: Mto Zigi, mto mfupi wa Usambara Mashariki ambao jiji la Tanga linaunywa kila siku. Tumeziweka pamoja. Nyingine tumezifupisha, na pale ambapo jibu fupi lingepotosha, tumejibu kwa kirefu.

Ndugu Mhariri, nafundisha jiografia. Wanafunzi wananiuliza Zigi unaanzia wapi hasa. Wengine wamesikia Amani, wengine wanataja pale kwenye geti la hifadhi ya Amani panapoitwa Zigi. Nani yuko sahihi?
*Mwalimu, Tanga*

Wanaosema Amani wako karibu zaidi na ukweli, ila wasitafute jicho moja la maji na kuliita chanzo. Zigi ni mto wa kukusanywa. Juu ya mlima, kwenye mwinuko wa mita 900 hadi 1,000 na ushei, kila bonde dogo lina kijito chake; Dodwe, kinachopita Amani kwenyewe, ni kimojawapo. Vijito hivyo huungana na kuporomoka ukingo wa mlima katikati ya mawe makubwa. Vinapofika Zigi, pale getini, mwinuko umebaki takriban mita 450. Kwa hiyo mahali panapoitwa Zigi si mwanzo wa mto, bali ni mahali mto unapomaliza haraka yake.

Chini ya hapo ardhi inalegea. Mto unapita upande wa misitu ya nyanda za chini na shamba la mitiki la Longuza, unapokea maji ya mto Kihuhwi, nao ni mtoto wa safu hiyohiyo ya milima, kisha unaingia bwawa la Mabayani. Baada ya bwawa unavuka ukanda wa mawe ya chokaa wa Amboni na kumwaga maji Bahari ya Hindi, kaskazini ya jiji. Urefu wote ni takriban kilomita 100.

Kwa darasani, Mwalimu, waambie wanafunzi wachore mchoro wa mteremko badala ya ramani peke yake: mlalo uwe umbali kutoka Amani, wima uwe mwinuko. Wataona wenyewe kwamba nusu ya kushuka kote, kutoka mita 900 hadi 450, inamalizika kwenye kipande kifupi cha mwanzo, na nusu iliyobaki inatandazwa hadi baharini. Tabia zote za Zigi zimo ndani ya mchoro huo. Juu maji yana nguvu ya kubeba chochote, na chini yanapoteza nguvu hiyo na kutua mzigo.

Ni Zigi au Sigi? Vitabu vya zamani vinaandika Sigi.
*Msomaji, Korogwe*

Ni Zigi. Wajerumani waliandika Sigi kwa sababu katika lugha yao herufi s ikitangulia irabu mwanzoni mwa neno husomeka z. Mjerumani aliyeandika Sigi alikuwa akitamka Zigi kama wenyeji. Waingereza walirithi maandishi bila matamshi, ndipo majina yakawa mawili kwenye ramani. Ukitafuta nyaraka za zamani, tafuta kwa herufi zote mbili, la sivyo utakosa nusu.

Naishi chini, karibu na Muheza. Vijito vya huku hukauka kabisa, lakini Zigi hautukauki hata kiangazi kikiwa kikali. Naambiwa ni kwa sababu msitu huvuta mvua. Ni kweli?
*Mkulima, Muheza*

Kinachovuta mvua hasa ni mlima wenyewe. Usambara Mashariki iko kilomita kama 40 tu kutoka pwani, na inasimama ghafla mbele ya upepo unaotoka baharini. Upepo ukigonga mlima hauna njia ila kupanda. Kila unapopanda mita 100 hewa yenye mawingu hupoa kwa takriban nusu digrii na ushei, na hewa iliyopoa haiwezi kushika mvuke wake wote. Ndiyo sababu Amani hupata karibu milimita 1,900 za mvua kwa mwaka, wakati Tanga mjini hupata takriban 1,300. Mlima huo ungekuwa kipara, bado ungepata mvua nyingi.

Msitu una kazi nyingine, na kwa maoni yetu ndiyo kubwa zaidi: unaamua mvua hiyo itakaa siku ngapi mlimani. Miamba ya Usambara ni migumu na ya kale sana, haina matundu ya kuhifadhi maji. Ghala la Zigi ni udongo mwekundu wenye kina uliolala juu ya miamba hiyo. Udongo wa msituni umefunikwa na majani yaliyooza, umetobolewa na mizizi na wadudu, na matone hayaugongi moja kwa moja kwa sababu yameshavunjwa na matawi. Maji yanazama, yanatembea polepole chini kwa chini, na yanatokea kijitoni baada ya wiki au miezi. Maji unayoyaona Zigi mwezi wa tisa, sehemu kubwa ni masika ya mwezi wa nne na wa tano yaliyochelewa njiani. Zaidi ya hayo kuna ukungu: asubuhi za baridi hugandamana kwenye majani na kudondoka chini bila mvua kunyesha.

Unaweza kujipimia mwenyewe. Tafuta kopo la bati lenye kipenyo cha sentimita 10, ondoa kitako ili liwe bomba. Lipigilie ardhini sentimita 5, ukiweka ubao juu yake ili lisipinde. Mimina nusu lita ya maji, kisha anza kuhesabu dakika hadi maji yote yazame. Rudia mara tatu palepale na uandike muda wa mara ya tatu tu, kwa maana udongo mkavu hunywa kwa pupa mwanzoni na kukudanganya. Fanya hivyo chini ya miti, kwenye shamba lililolimwa, na kwenye njia inayokanyagwa na ng'ombe. Ukiona maji yanavuja pembeni ya kopo, hujalizamisha vya kutosha; hamisha uanze upya. Tofauti kati ya msitu na njia ya ng'ombe ndiyo tofauti kati ya Zigi na hivyo vijito vyako vinavyokauka.

Neno moja la tahadhari. Miti nayo hunywa. Mikaratusi ikipandwa kuzunguka chemchemi ndogo huweza kuikausha, na watu wengi wamepanda kwa nia njema wakaishia kulaumu ukame. Kuzunguka jicho la maji, acha mimea ya asili irudi yenyewe.

Kijiji chetu kinataka kuchukua maji ya kijito kinachoingia Zigi. Tumeambiwa tujue kwanza kiasi cha maji, lakini hatuna vifaa. Tupimeje?
*Kamati ya maji, Wilaya ya Muheza*

Mnahitaji kamba, futi ya kupimia, fimbo yenye alama za sentimita, saa ya simu, na chupa ndogo ya plastiki iliyojazwa maji hadi robo tatu. Chupa tupu haifai, inasukumwa na upepo juu ya maji badala ya kusafiri na maji.

Chagueni kipande kilichonyooka cha mita 10, kisicho na jiwe kubwa katikati wala maji yanayorudi nyuma pembeni. Vutisheni kamba mwanzo na mwisho, kutoka ukingo hadi ukingo. Sasa pimeni upana, na kila baada ya sentimita 50 tumbukizeni fimbo mpime kina.

Tuseme upana ni mita 4. Vipimo vya kina vitakuwa saba: 15, 30, 40, 50, 45, 40 na 20. Jumla ni sentimita 240. Hapa ndipo wengi wanapokosea: hugawa kwa saba, idadi ya vipimo. Gawa kwa nane, idadi ya vipande kati ya ukingo na ukingo, kwa kuwa kingoni kina ni sifuri. Mnapata sentimita 30. Mita 4 mara mita 0.3 ni mita za mraba 1.2.

Kisha mtu mmoja atupe chupa mita mbili hivi juu ya kamba ya kwanza, ili inapofika kambani iwe tayari inakwenda na kasi ya maji. Pimeni muda hadi kamba ya pili. Rudieni mara tano au zaidi, mkitupa katikati na pembeni, na toeni safari zote ambazo chupa ilikwama. Wastani ukiwa sekunde 20, kasi ya juu ni mita 10 kugawa kwa 20, yaani mita 0.5 kwa sekunde. Lakini maji ya chini hukokota kwenye mawe, hayaendi kasi kama ya juu. Kwa kijito cha mawemawe na kina kifupi zidisheni kwa 0.6 au 0.7, kwa mkondo laini wenye kina, 0.85. Tukitumia 0.7 tunapata mita 0.35 kwa sekunde, na mara 1.2 ni mita za ujazo 0.42, yaani lita 420 kila sekunde.

Msijenge kwa kipimo cha siku moja. Pimeni mahali palepale mwisho wa kiangazi cha kaskazi, Februari au mwanzo wa Machi kabla ya masika, na tena Septemba. Kipimo kidogo kuliko vyote ndicho cha kupangia bomba. Mradi uliopimwa Mei hutoa maji Mei. Na msichukue yote: wa chini yenu nao wanaishi kwa kijito hicho. Kwa kibali cha kutumia maji, ofisi yenu ni Bodi ya Maji ya Bonde la Pangani, kwani Zigi, ingawa hauingii Mto Pangani, umewekwa chini ya bodi hiyo.

Nina shamba la mteremko linalofika hadi kingo za kijito. Naambiwa niache mita 60. Je, ni sheria au ni maneno ya maofisa? Na udongo unaoshuka nitauzuiaje?
*Mkulima, Tarafa ya Amani*

Ni sheria. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu za kibinadamu ndani ya mita 60 kutoka kingo za mto, ziwa, bwawa au ufukwe, pamoja na shughuli nyingine zinazoweza kuhatarisha mazingira ya mahali hapo. Tunajua mita 60 ni sehemu kubwa ya shamba dogo la milimani. Hata hivyo ukanda huo ukiwa na majani na miti ndio unaokamata udongo wako kabla haujaondoka kwa heri.

Juu ya ukanda huo, kinga ya kwanza ni fanya juu: mtaro unaofuata kontua, yaani mstari wa mwinuko uleule, upana sentimita 60 na kina 60, udongo wake ukitupwa upande wa juu kuwa tuta. Mvua kwa mvua udongo unajaza nyuma ya tuta na shamba linageuka ngazi lenyewe. Kati ya mtaro na mtaro ruhusu kushuka kwa mita 1.5 hadi 2 za wima. Kwenye mteremko unaoshuka mita 2 kwa kila mita 10, hiyo ni mtaro kila mita 7.5 hadi 10.

Kosa linaloua mitaro ni kuichora kwa macho. Mtaro uliopinda hukusanya maji yote sehemu moja, tuta linapasuka, na kesho una korongo ambalo hukuwa nalo. Tumia fremu ya A: fito mbili za mita 2 zifungwe kileleni, fito ya tatu ivuke katikati, na kamba yenye jiwe ining'inie kutoka kileleni. Simamisha fremu kwenye vigingi viwili, weka alama kamba inapogusa fito ya kati. Igeuze, mguu wa kulia ukae pa kushoto, weka alama ya pili. Katikati ya alama mbili ndipo penye usawa. Sasa tembea nayo shambani, mguu kwa mguu, ukipigilia kigingi kila kamba inapotulia hapo. Upepo ukiwa mkali ngoja, au tumia jiwe zito zaidi.

Panda majani ya Guatemala au mabingobingo juu ya tuta mara mvua zinapoanza, mistari miwili. Tuta lisilo na majani halimalizi msimu. Mahali udongo ni mwembamba juu ya mwamba, au mteremko ni mkali mno, usichimbe mtaro kabisa. Maji yakisimama hapo yanaweza kuuteremsha mlima mzima. Weka mistari ya majani na miti.

Iliki nayo tuiseme, kwa kuwa barua tatu zimeitaja. Iliki hupenda kivuli, hivyo mkulima hakati msitu wote, anausafisha chini na kupunguza miti. Kwa macho msitu bado upo. Ila miche ya msituni haipo tena, na baada ya miaka kadhaa rutuba ikichoka iliki inang'olewa, yanapandwa mahindi au miwa, na hapo hakuna kivuli wala mizizi ya kushika udongo.

Kwa nini maji ya bomba Tanga hubadilika rangi mvua zikinyesha, hata siku ambazo mjini hakujanyesha?
*Mkazi wa Chumbageni, Tanga*

Kwa sababu mvua unayoiona kwenye glasi ilinyesha mlimani. Bwawa la Mabayani, lililojengwa 1978, ndilo linalokusanya maji ya Zigi kwa ajili ya jiji, na kila kinachochimbwa au kulimwa juu kinafika hapo.

Chukua chupa ya maji ya mtoni baada ya mvua, itikise, uiweke mezani. Katika kina cha sentimita 30, mchanga mwembamba wa sehemu ya kumi ya milimita hutua ndani ya dakika moja. Tope laini, mara kumi dogo zaidi, huchukua kama saa moja. Chembe za mfinyanzi, ndogo tena mara kumi, huchukua siku nne hivi, na zile ndogo kuliko hizo hazitui kabisa, zinasukumana zenyewe kwa zenyewe. Hizo ndizo zinazobaki na rangi ya chai ya maziwa. Mtambo wa maji huziondoa kwa shabu, ambayo huzishikanisha kuwa mabonge yanayoweza kutua na kuchujwa. Tope likiongezeka, shabu inaongezeka, machujio yanaziba na kuoshwa mara kwa mara, na gharama inapanda. Mchanga na tope zito hubaki ndani ya bwawa na kula nafasi ya maji, na nafasi hiyo hairudi bila kuchimbwa.

Februari 2024 Mamlaka ya Majisafi na Usafi wa Mazingira Tanga ilitoa hatifungani ya kijani, yaani hati ya kukopa fedha kwa miradi ya mazingira, ya shilingi bilioni 53.12 kwa ajili ya kupanua huduma na kutunza vyanzo. Ni hatua tunayoiunga mkono kwa moyo wote, hasa hilo la vyanzo. Mtambo mpya chini ya mlima unaomomonyoka utafanya kazi ileile kwa gharama kubwa zaidi.

Dhahabu ilipochimbwa Sakale, watu walisema maji ya Zigi yana zebaki. Je, kuchemsha kunasaidia?
*Msomaji, Muheza*

Kuchemsha huua vijidudu. Hakuondoi zebaki, na kitambaa, klorini au chujio la mchanga la nyumbani navyo si dawa yake. Kama kuna shaka juu ya kijito fulani, kipimo cha maabara ndicho chenye jibu: sampuli ya maji na, muhimu zaidi, ya tope la chini, kwa kuwa zebaki ni nzito, hushikamana na tope na kukaa. Kutoka kwenye tope vijidudu huigeuza ikaingia kwenye samaki.

Wachimbaji walianza kumiminika Sakale mwishoni mwa 2003, kwenye maeneo ya vyanzo vya Zigi. Zebaki hutumika kushika chembe za dhahabu, kisha mchanganyiko huo huchomwa, na moshi wake ndio unaomdhuru kwanza anayechoma na watoto walio karibu. Hata pasipo zebaki, kuosha mchanga wa dhahabu ndani ya kijito kunageuza kingo na sakafu yake juu chini, na tope lake linafika Mabayani.

Babu zetu walisema kulikuwa na treni hadi Zigi. Ilifuata nini huko msituni?
*Mwanafunzi, Tanga*

Ilifuata magogo. Reli kubwa ya Usambara ilianza kujengwa Tanga 1893, ikafika Muheza 1896 na Moshi 1911. Kutoka Tengeni, karibu na Muheza, likachepushwa tawi jembamba la kilomita kama 23 hadi Zigi, lililojengwa kati ya 1904 na 1910 ili kuteremsha mbao. Kutoka Zigi kwenda Amani ilibidi kupanda kwa barabara ya makona, kama leo.

Amani kulikuwa na sababu nyingine ya kufika. Mwaka 1902 Wajerumani walianzisha huko taasisi ya utafiti wa kilimo na baiolojia, pamoja na bustani ya mimea kutoka pande nyingi za dunia. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, koloni lilipozingirwa, taasisi hiyo ilitengeneza kwinini, dawa ya malaria, kutokana na magome ya miti ya misinkona iliyopandwa hapo. Mti mwingine ulioletwa, msizi, ulitoroka bustani ukaenea msituni, na hadi leo unajaza kila pengo miti mikubwa inapoanguka. Ukataji mbao wa mashine ulikoma katikati ya miaka ya 1980, na 1997 ikatangazwa Hifadhi ya Mazingira Asilia ya Amani, ya kwanza ya aina hiyo nchini.

Treni haipo tena, lakini nyumba ya mkuu wa stesheni ingalipo Zigi, na hifadhi inaitumia kupokelea wageni.

Je, Mapango ya Amboni yalichongwa na Zigi?
*Msomaji, Pongwe*

Mto unaopita kando ya mapango ni Mkulumuzi, mto mwingine kabisa, ingawa wengi huuchanganya na Zigi kwa kuwa yote miwili hupita ukanda uleule wa chokaa. Chokaa hicho kilitandikwa chini ya bahari enzi za Jurasiki, mamilioni ya miaka iliyopita. Maji ya mvua yakipita udongoni hubeba kabonidioksidi na kuwa na uchachu kidogo, na uchachu huo ndio ulioyeyusha mawe polepole, ufa kwa ufa, hadi vikawa vyumba. Juu mlimani miamba haiyeyuki hivyo. Ukitaka kuiona tofauti, chukua ndoo ya maji ya Amani na ndoo ya kisima cha Amboni, ufulie sabuni ya mche ileile: ya Amani itatoa povu upesi, ya Amboni itaacha utando mweupe kwenye beseni.